Gito, Mtovu wa Fadhila: Kuhusu Léonce Ngabo na Filamu Yake

Léonce Ngabo alijulikana nchini Burundi kwa nyimbo zake kabla ya kujulikana kwa picha. Mwaka 1992 mwanamuziki huyu aliongoza Gito l'ingrat, inayohesabiwa kuwa filamu ndefu ya kwanza ya kubuni ya Burundi. Baadaye alikuwa nguzo ya FESTICAB, tamasha la filamu lililoanza hapa Bujumbura mwaka 2009. Ni rahisi kusema kwamba mshika mengi kama huyu hakuzama katika fani yoyote. Filamu yenyewe inatoa jibu tofauti.

Gito anamaliza masomo yake Paris na kurudi nyumbani akiamini kwamba uwaziri unamngoja. Huko nyuma amemwacha mpenzi wake Mfaransa, Christine, kwa ahadi kwamba atamwita. Kazi haipatikani. Anarudiana na Flora, mpenzi wake wa zamani, na mara Christine naye anawasili.

Msomaji wa fasihi ya Afrika Mashariki atakumbuka hapa Wimbo wa Lawino wa Okot p'Bitek. Kwa p'Bitek, Lawino na Tina ni wapinzani. Mmoja anasimamia mila, mwingine anaiga Uzungu, na Ocol yuko katikati. Ngabo anaupindua mpango huo. Christine na Flora wakishajuana, hawang'oani nywele (jambo ambalo bila shaka Gito angelifurahia), bali wanashirikiana kumtia adabu. Hivyo mtazamaji haombwi kuchagua kati ya Ulaya na Afrika. Anaombwa kumpima mwanamume mmoja kwa ahadi zake. Kwa maoni yetu, hili ndilo jambo jipya zaidi katika filamu hii, na ucheshi wake wote unalitegemea.

Dosari ipo, tena si ndogo. Kejeli inamwelemea Gito na kuwaachia nafuu waliomfundisha kwamba shahada ni tiketi ya gari la serikali. Imani hiyo hakuizua yeye, aliikuta. Vita vya kugombea madaraka si jambo la kuchekesha katika nchi hii: Oktoba 1993, mwaka mmoja tu baada ya filamu, Rais Melchior Ndadaye aliuawa na nchi ikatumbukia vitani. Mwongozaji halaumiwi kwa kutoyaona yajayo. Hata hivyo, anayeitazama filamu leo atatamani kicheko kile kingepanda ngazi hadi ofisi ambazo Gito alizililia.

Vita hivyo vilifanya utengenezaji wa filamu ndefu kuwa mgumu mno kwa miaka mingi. Ndiyo maana hatuoni sababu ya kuiweka kazi ya tamasha kando ya usanii wake. Nchi isiyo na majumba ya kutosha ya sinema humlazimu mwongozaji kutafuta hadhira kwanza, kisha picha.

Limebaki suala la lugha. Filamu inazungumza Kifaransa na Kirundi, wakati Kiswahili cha Buyenzi ki hatua chache tu kutoka katikati ya mji. Kuiandikia tafsiri ya Kiswahili chini ya picha lingekuwa zoezi zuri kwa darasa letu la tafsiri, na ugumu ungeanzia kwenye jina. "Asiye na shukrani" ni sahihi lakini halina makali. Sisi tumechagua "mtovu wa fadhila", kwa kuwa Gito hakosi maneno ya kushukuru. Anachokosa ni kukumbuka aliyotendewa.