Tone Moja la Embe, na Mwanga Unataja Utamu

Tone moja tu! Kata embe aina ya apple la Kiritiri, kamua tone juu ya kioo cha kifaa hiki kinachoenea kiganjani, funika kifuniko chake, kielekeze kwenye anga nyeupe (si juani!), kisha chungulia. Juu buluu, chini nyeupe, na mpaka kati yake umetulia kwenye 17. Yaani katika kila gramu 100 za juisi hiyo, takriban 17 ni sukari. Hakuna betri wala maabara. Mwanga umepita kwenye embe na kutoa jibu papo hapo.

Hii ndiyo refraktomita ya mkononi, na tangu niipate sijaacha kukamua matunda, kuanzia soko la Gakoromone mjini Meru hadi Ishiara kule Mbeere. Maembe ya Ngowe, Kent, Tommy, yote nimeyapima. Mama mmoja muuza maembe aliponiona nimefumba jicho aliniuliza, “Unaangalia nini humo, kijana?” Nikampa achungulie. Akaanza kunikatia maembe yake mwenyewe, moja baada ya jingine, akitaka kujua mti upi wa shamba lake unawashinda wenzake!

Siri yote ni kupinda kwa mwanga. Kila mtoto aliyetumbukiza kijiti kwenye karai la maji amekiona kama kimevunjika pale kinapoingia majini. Mwanga unaopita kimshazari kutoka kitu kimoja kinachopitisha nuru hadi kingine hupinda kwa sababu kasi yake inabadilika. Katika ombwe huenda kilomita 300,000 hivi kwa sekunde, majini 225,000. Tia sukari gramu 15 katika kila gramu 100 za mchanganyiko, na kasi inashuka hadi kama 221,000. Sukari inaukawiza mwanga! Ibn Sahl wa Baghdad aliandika kanuni ya kupinda huku mwaka 984, karne sita kabla ya Snell wa Uholanzi, ambaye kanuni hiyo ilipewa jina lake.

Sasa tazama ujanja wenyewe. Chini ya tone kuna mche wa kioo, na kioo hicho huupunguza mwanga kasi kuliko juisi. Mwali unaovuka kutoka juisi kuingia kioo hupinda kuelekea ndani. Hata ule unaokuja ukiambaa usoni kabisa mwa kioo hauwezi kuvuka pembe fulani, na ng’ambo ya pembe hiyo ni giza tupu. Mpaka wa nuru na giza ndio ule mstari! Sukari ikizidi, pembe inasogea na mstari unapanda. Ernst Abbe wa Jena, Ujerumani, alichapisha maelezo ya refraktomita yake mwaka 1874, na wazo lake ndilo hili ninalolishika chini ya mwembe.

Refraktomita ina masharti yake. Chuja juisi kwanza, maana nyuzinyuzi za embe huufifisha mstari. Anza na maji safi na uuweke mstari kwenye sifuri. Chagua yenye kujirekebisha kwa joto, kwa sababu vipimo vyake vimepangwa kwa nyuzi 20 za Selsiasi, na mchana wa Mbeere hauko hapo hata kidogo. Tena usilihukumu embe lililochumwa leo kwa namba ya leo: wanga wake bado utageuka sukari likiendelea kuiva.

Lakini kilichonimaliza ni asali! Asali ya mizinga ya magogo huku Mbeere ni nzito, na ndani yake mwanga huenda kilomita kama 201,000 tu kwa sekunde. Mstari unaruka nje kabisa ya kipimo cha matunda, kwa hiyo asali ina refraktomita yake, inayosoma kiasi cha maji. Maji yakizidi asilimia 20, asali nyingi hazifikii kiwango cha kimataifa, na hatari ya kuchacha inakua. Kikundi kinachouza maembe na asali kinahitaji vifaa vyote viwili, na mimi ningeanza na cha asali: embe bovu utalinusa, ila maji yaliyojificha ndani ya asali nzuri ya kahawia huyaoni kwa jicho tupu.