Alifuta Kabla ya Kusoma

Mwanzoni kabisa mwa video ile ya Mercedes E350 mnayotumiana, fundi anachomeka mashine chini ya usukani, kioo kinaandika P0420 na chini yake P0303, naye anabonyeza kufuta. Hakuandika popote. Hakufungua ukurasa unaofuata. Mkono wa pili ulikuwa tayari unatafuta spana. Masega mapya ya kusafisha moshi wa ekzosi yamefungwa, gari limetoka gereji likinguruma kwa upole, na kilichoyaua masega ya zamani kimeondoka nalo.

Najua wengi mmeisifu kazi ile, na kwa upande wa mikono inastahili sifa: bolti za manifodi zilitoka bila kukatika hata moja, gasketi ziliwekwa mpya, nyaya za sensa hazikunyongwa. Ugomvi wangu ni ule mbonyezo mmoja, kwa sababu ndio ulioamua kila kitu kilichofuata, na uliamua vibaya.

Tuanze na namba zenyewe. P0420 haisemi masega yamekufa. Kompyuta ya injini haina pua ya kunusa moshi. Ina sensa mbili za oksijeni kila upande, moja kabla ya masega na nyingine baada yake, na inachofanya ni kuzilinganisha. Masega mazima huhifadhi oksijeni na kuitoa inapohitajika, hivyo sensa ya nyuma hutulia, mara nyingi kwenye volti 0.6 hadi 0.7. Masega yakichoka, sensa hiyo huanza kupanda na kushuka kati ya 0.1 na 0.9, ikifuata kila badiliko la mchanganyiko, na kompyuta hutoa tuhuma. Lakini tuhuma ileile inaweza kuletwa na ekzosi inayovujisha karibu na sensa, ikavuta hewa ya nje. Inaweza kuletwa na sensa ya nyuma iliyozeeka. Kabla ya kununua spea ghali kuliko zote kwenye mfumo mzima wa ekzosi, tuhuma inatakiwa kupimwa.

Na hapa haikuwa peke yake. P0303 ni silinda ya 3 kumisi. Kwenye injini ya M272, ambayo ndiyo iliyomo ndani ya E350 ile, silinda ya 1 hadi ya 3 ziko kulia na ya 4 hadi ya 6 ziko kushoto. P0420 ni ya upande wa silinda ya 1, yaani kulia. Namba zote mbili zimetoka upande mmoja! Upande wa kushoto, ambao una masega yake na ungelalamika kwa P0430, ulikuwa kimya. Petroli ni ileile, oili ni ileile, kilomita ni zilezile. Kwa nini masega ya kulia yafe na ya kushoto yaishi? Fundi aliyekaa na swali hilo dakika mbili tu angejua pa kwenda, na asingeanzia kwenye ekzosi.

Sasa tazameni alichokifuta. Taa ya injini inapowashwa, kompyuta huhifadhi hali ya gari ya wakati ule: mzunguko wa injini, mzigo, joto la maji, mwendo, na kiasi ambacho kompyuta ilikuwa inaongeza au kupunguza mafuta. Hiyo ndiyo frizi fremu, na kanuni za OBD-II, mfumo wa gari kujichunguza, zinaipa silinda inayomisi kipaumbele kwenye kumbukumbu hiyo. Kwa hiyo uwezekano mkubwa ni kwamba ukurasa ambao hakuufungua ulikuwa umeandika silinda ya 3 ilimisi lini na katika hali gani. Kama ilikuwa gari limesimama na injini bado baridi, ningefikiria hewa inayopenya baada ya sensa ya hewa, au nozeli. Kama ilikuwa kwenye mlima, mzigo mkubwa na injini moto, ningeanza na koili na plagi. Kama kompyuta ilikuwa inaongeza mafuta kwa asilimia 20 upande mmoja, hapo kuna hewa inayoibiwa au nozeli iliyoziba. Majibu haya yalikuwa yameandikwa tayari, na hayahitaji hata kufungua boneti. Yakafutwa. Ni sawa na tabibu kumpa mgonjwa dawa ya malaria kabla hajatoa damu ya kupimwa: hata akipata nafuu, hakuna atakayejua alikuwa anaumwa nini.

Wapo watakaosema alifuta ili aone kama hitilafu itarudi. Utaratibu huo upo na ni halali, ila una mpangilio wake: unasoma, unaandika au unapiga picha, unafuta, kisha unaendesha gari katika hali ileile iliyoandikwa kwenye frizi fremu. Yeye alifuta akaenda moja kwa moja kwenye bolti. Hakutaka kuona kama itarudi. Alikuwa ameshaamua.

Mbonyezo uleule umetudanganya sote mwishoni mwa video. Mnakumbuka kioo kinaonyeshwa tena, hakuna hitilafu hata moja, na watazamaji wakapiga makofi. Kioo kile hakikuthibitisha chochote. Ukifuta namba, unafuta pia matokeo ya vipimo vya ndani ambavyo kompyuta hujifanyia yenyewe, na kipimo cha masega ni miongoni mwa vinavyochelewa kukamilika: kinataka injini iive, mwendo utulie, na hali fulani za barabara zitimie. Hata kikishindwa, kwa kawaida P0420 inahitaji kujirudia katika safari ya pili ndipo taa iwake. Gari lililotoka juu ya lifti saa hiyohiyo haliwezi kuwa limefaulu mtihani ambao haujafanyika. Marekani waliuona ujanja huu zamani, na katika magari ya kuanzia 2010 wakaanza kudai namba za kudumu ambazo hazifutiki kwa mashine. Zinaondoka gari lenyewe likithibitisha limepona. E350 ya umbo la W211 haina ulinzi huo. Ulinzi wake pekee ni fundi.

Kinachoniuma zaidi ni kwamba alipewa nafasi ya pili. Baada ya kuyatoa masega ya zamani, aliyainua mbele ya kamera, na kwa sekunde chache tuliona uso wake wa mbele: vijitundu vimeyeyuka na kushikana, katikati pamebonyea. Sura ya masega yaliyotolewa ni ushahidi. Yakivunjika vipande na kulia kama njuga, tafuta kipigo au kikombe kilicholegea. Yakiwa yamejaa masizi na majivu ya oili, tafuta injini inayokula oili, kwa maana fosforasi iliyo ndani yake huyafunika madini yasifanye kazi. Yakiwa yameyeyuka, yameunguzwa. Masega yenye afya hufanya kazi kati ya nyuzi 400 na 800 hivi, na kauri yake huyeyuka ikishapita nyuzi 1,400. Joto hilo halitoki kwenye injini iliyo sawa. Linatoka kwenye petroli ambayo haikuwaka ndani ya silinda, ikaenda kuwakia ndani ya masega. Silinda ya 3 ilikuwa inapeleka petroli mbichi kwenye ekzosi, na masega yakaimaliza kazi ya injini mpaka yakafa. Fundi alisema tu kwamba yameisha, akayaweka chini, akachukua mapya.

Kazi iliyotakiwa haina miujiza. Koili ya silinda ya 3 inahamishiwa silinda ya 5, upande wa pili. Tatizo likihama na kuwa P0305, koili ndiyo mwizi. Lisipohama, plagi inatolewa na kusomwa, halafu nozeli. Kwa M272 naongeza mambo yake ya kurithi: mkono wa plastiki wa vipepeo vya manifodi ya hewa, unaokatika, oili inayopenya kwenye sensa na sumaku za kamshafti na kupanda ndani ya nyaya, na kwa injini za mwanzo, gia ya shafti ya mizani inayolika na kuvuruga taimingi. Kisha ekzosi inakaguliwa uvujaji, sensa ya nyuma inatazamwa injini ikiwa moto, na kama gari lilikuwa zito, sensa ya mbele inafunguliwa na geji ya presha kufungwa mahali pake: kwenye mizunguko 2,500, ikizidi kilopaskali 20 hivi, njia imeziba. Baada ya yote hayo, kama masega yamekufa kweli, na haya yalikuwa yamekufa, yabadilishwe. Sikatai kubadilisha. Nakataa kubadilisha kabla ya kumkamata muuaji.

Wasomaji wa ukurasa huu wanajua nimeshapigana na mengi katika jambo hili. Nimewapinga wanaotoboa masega kwa nondo na kumwambia mteja gari limepata nguvu. Nimewapinga wanaoinua sensa ya nyuma kwa kipande cha chuma ili kompyuta idanganyike. Nimewapinga wanaopaka silikoni kwenye maungio yaliyo mbele ya sensa, silikoni ambayo mvuke wake unaua sensa yenyewe. Na bado nauliza swali langu la kila siku: masega ya zamani yalikwenda wapi? Ndani yake mna platinamu, paladiamu na rodiamu, na mwaka 2021 rodiamu ilipita dola 20,000 kwa aunsi moja. Hata yaliyoyeyuka yana bei. Katika video ile hatukuona yakikabidhiwa kwa mwenye gari.

Mniwie radhi, lakini siwezi kutazama kazi kama hii nisiwakumbuke waliotangulia. Eugène Houdry, Mfaransa aliyehamia Marekani, alipata hataza ya masega ya gari mwaka 1956. Kifaa chake hakikuingia barabarani enzi zake, kwa sababu petroli ya wakati ule ilikuwa na risasi, na risasi ilikuwa inayatia sumu madini. Tatizo halikuwa ndani ya masega; lilikuwa katika kinachoyafikia. Sisi kusini mwa Sahara tulisubiri hadi 2006 kuachana na petroli hiyo. Walipokuja wahandisi wa Volvo mwaka 1976, wakaweka kwa mara ya kwanza sensa ya oksijeni pamoja na masega ya njia tatu katika magari ya California, hawakuanza na masega. Walianza na kuhakikisha injini inapata gramu 14.7 za hewa kwa gramu moja ya petroli, muda wote. Walijua masega hayawezi kuitibu injini mbovu.

Na tusiende mbali. Joginder Singh, aliyeshinda Safari Rally mara tatu, alikuwa fundi kabla ya kuwa dereva, na mwaka 1965 alishinda na Volvo PV544 iliyokwishatumika, pamoja na ndugu yake Jaswant. Gari la namna hiyo halifiki mwisho wa Safari kama aliyeliandaa anakisia. Wale mafundi wetu wa Peugeot 504 na Mercedes W123 hawakuwa na mashine yoyote. Plagi ilitolewa, ikapelekwa kwenye mwanga, na rangi yake ikasomwa: ya kahawia hafifu, sawa; nyeusi kavu, mafuta yamezidi; nyeusi yenye unyevu wa oili, pete au sili; nyeupe, inaungua. Hakuna mzee wa zama zile aliyeipangusa plagi kabla ya kuitazama. Kijana wa leo amepewa chombo kinachomwandikia ugonjwa kwa namba, na jambo la kwanza analolifanya ni kuipangusa.

Mwenye E350, usisubiri taa. Lirudishe gari wiki hii, na safari hii simama karibu na kioo. Mwombe fundi akague silinda ya 3 kwanza: koili, plagi, nozeli, kwa mpangilio huo. Ukiwa njiani taa ya injini ikianza kupepesa badala ya kuwaka tu, ondoa mguu kwenye mafuta na utafute pa kuegesha, maana kupepesa kule kunamaanisha silinda inamisi kiasi cha kuunguza masega wakati huohuo. Ikiwaka bila kupepesa, piga picha namba zote na frizi fremu kabla mtu hajagusa kitufe chochote. Na masega yako ya zamani uyadai, ni mali yako.

Kwako fundi: mkono wako ni mzuri na gari hilo bado ni dhamana yako. Mpigie simu mteja wewe mwenyewe, umwambie silinda ya 3 haijapimwa.