Chombo Chenye Macho

Wasomaji wetu wengi wamekisoma kitabu cha Adili na Nduguze, alichokitunga marehemu Sheikh Shaaban Robert, kikapigwa chapa mwaka 1952. Safari iliyomo imejaa maajabu. Mna mji ambao watu wake wamegeuka mawe. Mna jini, jina lake Huria, aliyeokolewa na Adili alipokuwa katika sura ya nyoka. Mna Hasidi na Mwivu, ndugu wawili waliogeuzwa manyani kwa uovu wao. Sisi tunaofundisha huku Temeke twakipenda kitabu hiki, na hatuna nia ya kukishusha. Walakini liko jambo moja ambalo yatupasa kulisema. Katika safari ambayo hata nyoka ana moyo wa shukrani, na hata jiwe lina habari ya kusimulia, chombo kinachowachukua wasafiri ndicho peke yake kisicho na uhai. Chatoka bandari hii chafika bandari ile, kama mkokoteni wa sokoni.

Haiwezekani kusema kwamba mtungaji hakuvijua vyombo. Alizaliwa upande wa Tanga mwaka 1909, akawa karani wa Forodha kwa miaka mingi, na Pangani alikaa. Sababu twaiona penginepo. Hadithi yake inafanana sana na moja ya zile za Alfu Lela Ulela, na katika hadithi hizo maajabu hukaa nje ya chombo. Sindbad baharia, katika safari yake ya kwanza, alishuka pamoja na wenzake juu ya kisiwa, wakawasha moto wapike. Kumbe kisiwa ni samaki, naye alipoona joto akazama. Hapo nchi kavu ilikuwa hai, na jahazi ilikuwa mbao tu.

Basi watu wa pwani yetu hawakuona hivyo. Wasomaji waliopata kuitazama jahazi ya Lamu wamekiona kibao cha mviringo kilichopigiliwa omoni, kimoja kuume na kimoja kushoto: hayo ndiyo macho ya chombo. Mtepe nao, ule wa visiwa vya Lamu uliokoma kuundwa mwanzoni mwa karne ya 20, ulikuwa na macho, na omo yake ilichongoka mfano wa kichwa cha ngamia. Mbao zake hazikupigwa misumari. Zilishonwa kwa kamba za makumbi ya nazi. Tanga lake lilikuwa la mkeka. Kwa kuwa ulishonwa, mtepe ulijipinda pamoja na wimbi, wala haukushindana nalo. Tena ulivuja daima, hata mabaharia hawakupata raha ya kuacha kufua maji. Chombo cha namna hii hakiwi mkokoteni. Chataka kushonwa upya, chataka mafuta ya sifa na deheni, chataka mtu wa kukesha nacho. Kikisahauliwa, chafa.

Sasa na turudi kwenye kitabu. Ndugu wawili wamtosa Adili baharini kwa husuda. Je, ni nani aliyeona? Kama chombo kile kingekuwa na macho, kingekuwa shahidi wa kwanza wa dhuluma iliyotendwa juu yake. Pengine kingekataa usukani wa wauaji. Pengine kingelia katika mataruma yake mpaka mji mzima ukauliza. Tutajibiwa kwamba mtungaji alitaka Adili aokolewe na yule aliyemtendea wema, ili tujifunze kwamba fadhili hairudi bure. Shahidi mwingine angeliharibu fundisho. Jibu hili lina nguvu, nasi twalikubali nusu. Fundisho la shukrani limekaa vizuri sana. Lakini limenunuliwa kwa thamani kubwa, maana msomaji anaachwa na wazo kwamba vitu tulivyoviunda kwa mikono yetu havihusiki na matendo yetu. Wahenga waliosema chombo cha kuzama hakina usukani walikiona chombo kama mwenye ajali yake mwenyewe.

Twayasema haya kwa sababu ya vijana. Siku hizi twasahihisha insha nyingi ambazo ndani yake chombo chasafiri katika bahari isiyo ya dunia hii, chini ya jua la rangi nyingine, kutafuta nchi zisizojulikana. Tamaa hiyo ni njema, wala hatutaki kuizima. Lakini chombo chenyewe karibu daima ni cha chuma, kina taa na vifungo, nacho chasema kwa sauti ya binadamu kama vile katika sinema. Kijana adhani kwamba akikipa ulimi amekipa uhai. Sivyo. Wazee wa Lamu hawakukipa chombo ulimi. Walikipa macho, na baadaye wakafanya kazi ya kukitunza. Kiumbe hai tunamtambua kwa kuhitaji kwake. Chombo kinachovuja, kinachoona kiu ya mafuta, kinachojipinda kwa wimbi lisilopata kuonwa na mtu, kitamtia msomaji hofu na huruma zaidi ya chuma kinachozungumza.

Wala hatuombi mambo mageni. Kitabu cha Kiyunani cha karne ya kwanza, kinachoeleza safari za Bahari ya Hindi, kilitaja katika pwani hii soko lililoitwa Rhapta, na jina hilo latokana na neno lenye maana ya kushona, kwa ajili ya vyombo vya watu wake. Basi kwa miaka karibu 2,000 bahari yetu ilijulikana na wageni kwa chombo kilichoshonwa. Huko Unguja mfano wa mtepe uliundwa ukawekwa katika nyumba ya Beit el Ajaib; na tarehe 25 Desemba 2020 sehemu kubwa ya nyumba hiyo ilianguka. Nyumba za makumbusho huanguka. Maneno ya ufundi hayaanguki namna hiyo. Hayo hupotea kwa kutotumiwa, kimya kimya, katika insha moja baada ya nyingine.

Kwa hiyo twawasihi walimu wenzetu wa Mbagala, Mtoni na Kinondoni: kabla ya kuwapa wanafunzi insha ya safari ya ajabu, wapelekeni Kunduchi au Msasani, mahali pa wavuvi. Wamwulize fundi lipi ndilo taruma, upi ndio mkuku, maji hufuliwa kutoka ngama kwa namna gani. Kisha waandike juu ya bahari yo yote waipendayo, hata iliyo mbali na nyota zetu.