Mguu Pande: Uhakiki wa Filamu Bubu "Shoulder Arms"

Baadhi ya wahakiki wetu hushikilia kwamba kazi isiyo na maneno haistahili kujadiliwa katika idara ya lugha. Filamu bubu ya Charles Chaplin, "Shoulder Arms" (1918), yaonyesha udhaifu wa rai hiyo.

Kisa chenyewe ni chepesi. Kuruta mmoja hashindwi na adui bali na gwaride. Aamriwapo kugeuka, miguu yake hubaki imetazama kando. Amri hatuisikii, twauona tu mwili usioweza kuitii. Mtazamaji wa Afrika Mashariki huijaza mwenyewe: "Mguu sawa!" Naye Chaplin hujibu daima kwa mguu pande. Hapa fani na maudhui havitengani: mwili hukataa jambo ambalo kinywa cha kuruta hakithubutu kulikataa.

Niliiona filamu hii kwanza nikiwa masomoni ng'ambo. Ukumbi ulicheka sana Chaplin alipovaa sare ya afisa wa Kijerumani, akamteka Kaisari (aliyeigizwa na nduguye, Sydney Chaplin) bila kutambuliwa. Nilipolitafakari tukio hilo nikiwa Kehancha, kicheko kilinikauka. Mpaka wa Waingereza na Wajerumani uliwagawa Wakuria. Vita vilipozuka mwaka 1914, watu wa ukoo mmoja walijikuta chini ya bendera mbili zenye uhasama. Kwa watu kama hao, tofauti ya adui na ndugu yaweza kuwa sare tu.

Hata hivyo, filamu ina dosari. Mwishoni kuruta huamka hemani mwake. Ushujaa wote ulikuwa ndoto. Yumkini atatokea wa kusema kwamba ndoto hiyo yakejeli ushujaa wa vita, na hilo ni kweli. Lakini ndoto hiyo hiyo yamwepusha mtazamaji na swali: ni nani aliyemleta kuruta kambini? Kwetu swali hilo halikwepeki. Sheria ya mwaka 1915 iliruhusu Waafrika wa nchi ambayo leo ni Kenya kulazimishwa kuwa wapagazi wa jeshi. Zaidi ya 40,000 walikufa, wengi kwa maradhi. Hao hawakuamka hemani.

Kwa hiyo, mwandishi wa Kiswahili atakayetaka kumchora kuruta asiyetaka vita ana mengi ya kujifunza kwa Chaplin, ila asikomee kwenye miguu. Hana budi kumtaja pia aliyeitoa amri.