Fantasia katika filamu za India: Zimwi lina maana gani?

Wapo wanaodai ati fantasia iliingia katika sinema ya India mwaka wa 2015, S.S. Rajamouli alipotuletea Baahubali. La hasha! Filamu ndefu ya kwanza nchini humo, Raja Harishchandra ya Dadasaheb Phalke (1913), ilichota kisa chake katika visasili. Katika Mayabazar (1957), jitu Ghatotkacha lilifagia karamu nzima ya harusi, vitamutamu vikiruka vyenyewe hadi kinywani.

Basi kimekua nini? Bajeti na kompyuta. Hata hivyo, mbwembwe hazitoshi. Brahmāstra (2022) ina moto na miale tele, lakini mapenzi ya wahusika wake wakuu tunaambiwa tu, hatuyaoni yakikua.

Hebu linganisha na Tumbbad (2018). Vinayak anashuka shimoni kumwibia zimwi Hastar sarafu za dhahabu. Kila akipanda, anazitaka zaidi. Tamaa mbele, mauti nyuma. Zimwi hilo linatisha kwa kuwa tamaa yake tunaijua. Tunayo sisi wenyewe.

Kwa hivyo, msomaji, utazamapo fantasia, usiishie kustaajabia jinsi zimwi lilivyoundwa. Jiulize pia linawakilisha nini.