Usitazame kuba tu, tazama na korido

Mwenye kufungua picha za Old Courthouse, tribinali ya zamani ya St. Louis huko Missouri, Marekani, ataanza na kuba. Hata mimi nilianza nalo. Wakati wa kutayarisha TFC yangu nilichora lile kuba karibu mwezi mzima, na kazi ilisifiwa. Leo ninaona nilichora sehemu ambayo ina maneno machache kuliko zote.

Mutaniambia: nyumba ya Wamarekani inatuhusu nini sisi wa huku? Ngoja kwanza.

Kiwanja kilitolewa mwaka 1816 na wakubwa wawili wa mji, John Baptiste Charles Lucas na Auguste Chouteau, kwa sharti kwamba kitumike daima kwa tribinali ya wilaya. (Mwaka 1930 mahakama zilipohamia jengo jipya, wajukuu zao walishtaki wakitaka udongo urudishwe. Walishindwa. Prosè za kiwanja, kumbe, haziko za kwetu peke yetu.) Kwanza palikuwa na nyumba ya matofali, iliyomalizika mwaka 1828. Mwaka 1839 Henry Singleton akaanza jengo kubwa zaidi: umbo la msalaba, mabawa manne, nguzo za Kigiriki mbele ya milango. Ile nyumba ya matofali ikabaki kama bawa la mashariki mpaka ilipobomolewa mwaka 1851. Halafu, mwanzoni mwa miaka ya 1860, vita vya wenyewe kwa wenyewe vikiwa vinaanza, William Rumbold akaondoa kuba la kwanza, ambalo lilikuwa la chini, akaweka hili la chuma, kwa mfano wa kuba la Mtakatifu Petro kule Roma.

Kama mtu wa ujenzi, siwezi kusema ni kazi mbaya. Ukisimama katikati, vibaraza vya ghorofa vinakuzunguka, mwanga unateremka toka juu, na macho yanapanda yenyewe bila kulazimishwa. Chuma kilimsaidia Rumbold kwenda juu sana bila kuongeza uzito kama wa mawe. Lakini njo pale ninapoanza kugombana na wenzangu wenye kuandika juu ya jengo hili. Wanaandika kurasa kumi za kuba, na mistari miwili ya ngazi.

Ngazi za mlango wa mashariki njo mahali watu waliuzwa. Tribinali yenyewe njo ilikuwa inaamuru: mwenye mali akifa, ao akishindwa kulipa deni, watumwa wake wananadishwa pale nje pamoja na vitu vingine vyake. Nguzo za Kigiriki zilikuwa zinamwambia mpita njia kwamba hapa ni nyumba ya raia huru. Mutu mwenye kusimama pale juu akingoja bei yake, alisoma nini katika nguzo zile?

Upande mwingine, bawa la magharibi, ghorofa ya chini, kulikuwa na chumba cha kawaida kabisa. Mwezi wa 4 mwaka 1846 Dred Scott na mke wake Harriet walipeleka mashtaka yao ya kudai uhuru, kwa sababu waliwahi kukaa katika inchi ambako utumwa ulikatazwa. Mwaka 1847 walishindwa, juu ya kosa la ushahidi tu: shahidi mmoja alieleza mambo aliyoyasikia kwa mtu mwingine. Mwaka 1850 walirudi katika chumba kilekile, na baraza la wazungu watupu likasema: hawa ni watu huru. Miaka miwili baadaye mahakama kuu ya Missouri ikapindua hukumu ile. Mwaka 1857 Mahakama Kuu ya Marekani, chini ya Roger Taney, ikasema mutu mweusi hawezi kuwa raia wa nchi ile. Muda mrefu wa prosè ile, mshahara wa kazi yao ulikuwa unashikwa, kungojea mwisho wa mashtaka.

Hapa ninakumbuka tantine wangu, na prosè yake ya kiwanja. Miaka saba. Aliijua korido ya tribinali ile kuliko jikoni kwake: benchi gani imevunjika mguu, mlango gani unafunguliwa saa tatu. Siku moja aliniambia, wewe unajifunza kujenga, basi ujenge korido zenye madirisha. Nilicheka. Sikumuelewa.

Ukitafuta leo chumba cha akina Scott huko St. Louis, hukipati. Mwaka 1855 kilikatwa katikati kwa korido, kusudi kuta zake zisaidie kubeba sakafu ya juu iliyokuwa dhaifu. Kwa fundi, ni dawa nzuri, hata mimi ningefanya vile. Lakini ona: ulipotafutwa uzito wa kushikilia nyumba, chumba kile njo kilitolewa. Na miaka michache baadaye pesa zikapatikana za kupandisha kuba.

Kuna wengine wanaandika kwamba jengo hili ni nyumba ya utumwa tu, basi. Na hao sikubaliane nao. Zaidi ya mashtaka 300 ya watu weusi kudai uhuru yalipelekwa mbele ya mahakama za St. Louis kati ya 1814 na 1860, na wengi walishinda. Mlango uleule uliouza watu ulikuwa pia unaingiza mwanamke mwenye karatasi mkononi, aliyeamini kwamba sheria inaweza kumsikiliza. Mwenzangu wa droit aliposoma rasimu hii alinipigia simu kuniuliza kama ninasifu ao ninalaumu. Nilimjibu kwamba ninasoma plani.

Tarehe 26 mwezi wa 5 mwaka 1857, kisha kushindwa mbele ya Taney, Dred Scott alirudi katika jengo hilihili. Taylor Blow, mtoto wa bwana wake wa zamani, alikuwa amepewa umilki wake, na siku ile akamwachia huru, yeye na Harriet. Dred aliishi na uhuru ule miezi kumi na sita hivi, kifua kikuu kikamuua. Chumba alichoshinda mwaka 1850 kilikuwa kimekwisha kukatwa. Siku ile ya karatasi, mwenye kuingia bawa la magharibi alikuta korido, na watu wanapita.