Kilindini si lindo: tusipotoshe maana ya kina

Majuzi nilikuwa Mji wa Kale, Mombasa, nimeketi kivulini hapo Ngomeni nikinywa kahawa chungu. Kundi la wanafunzi likapita na kijana mmoja aliyekuwa akiwatembeza. Mwanafunzi akamuuliza: “Kwani Kilindini maana yake nini?” Kijana hakusita. Akajibu ati jina hilo limetokana na kitenzi ‘kulinda’, kwa kuwa hapo ndipo askari walipokuwa wakilinda kisiwa. Wanafunzi wakaandika daftarini, wakaenda zao.

Sikumlaumu sana kijana yule, kwani si wa kwanza kunena hivyo. Lakini lililoandikwa daftarini leo, kesho hurudi darasani likiwa ukweli. Hebu basi tulipime.

Kitenzi ‘linda’ kimetupa mlinzi, ulinzi na lindo. Mahali pa kulinda ni lindo, na palipo na lindo ni lindoni. Laiti jina lingetoka huko, tungetarajia Lindoni au Ulinzini. Najua atatokea msomaji aniambie kwamba ‘shinda’ hutoa ‘mshindi’, si ‘mshinzi’, kwa hivyo ‘linda’ nayo yaweza kutoa ‘lindi’. Hoja nzuri. Ila hatuna haja ya kubuni neno ilhali neno lenyewe tunalo. Kilindi, katika kamusi na katika vinywa vya mabaharia, ni mahali baharini penye maji mengi yaendayo chini sana. Ukitia -ni ya mahali, wapata Kilindini. Basi! Ndivyo ilivyo Likoni ng’ambo ya pili: liko ni mahali pa kufikia vyombo, na -ni ni ile ile.

Nilipomsimulia mzee mmoja aliyewahi kuwa nahodha, alicheka. “Mwanangu,” akaniambia, “kilindi ni pale utiapo bildi nayo isigote tini.” Bildi, kwa asiyejua, ni ile kamba yenye risasi nchani ambayo mabaharia huishusha majini ili kujua chombo kina pima ngapi za maji chini yake. Maelezo ya mzee yule ni mafupi kuliko ya kamusi yoyote, na yamekamilika.

Na bahari yenyewe yatoa ushahidi. Kisiwa cha Mombasa kina bandari mbili. Ile ya Mji wa Kale, upande wa mashariki, ndiyo ya majahazi. Meli kubwa za moshi zilipoanza kuja kwa wingi, na reli ilipoanza kujengwa mwaka 1896, shughuli zilihamia magharibi, Kilindini. Kwa nini? Kwa sababu ya maji yake. Waliolipa pahali hapo jina walikuwa wameshalijua jambo hilo zamani sana kabla ya wahandisi.

Ajabu ni kwamba neno hili halijafa. Tunalitumia kila siku tusilitambue. Waandishi wa habari hupenda kusema watu ‘wametumbukia katika lindi la umaskini’. Watunzi wa riwaya nao huwazamisha wahusika ‘katika lindi la mawazo’. Lindi ni shimo refu. Kilindi ni nduguye wa baharini. Hata hivyo, tusikurupuke tukadai kila Kilindi ni bahari. Kilindi ya mkoani Tanga, Tanzania, iko bara, mbali na maji chumvi. Kila jina lina mahali pake, na hupimwa papo hapo.

Sasa tugeukie neno mama: kina. Hili ndilo neno letu la kawaida la kutaja umbali wa kutoka juu hadi chini, uwe wa kisima, wa mto au wa bahari. Lakini lina wenzake linaofanana nao kwa sura. Tazama sentensi hii: “Kisima cha kina Ali kina kina gani?” Kina wa kwanza ni Ali na jamaa zake, kama tusemavyo kina mama au kina yakhe. Kina cha pili si nomino, bali ni ki- ya upatanisho na -na ya kumiliki, kama katika methali ‘Kimya kingi kina mshindo mkuu’. Cha tatu ndicho cha maji.

Kipo na cha nne: kina cha shairi, wingi wake vina. Hapa ndipo wengi huteleza. Husikia kwamba shairi lina bahari, kisha lina vina, wakahitimisha kwamba vina ni vilindi vya bahari hiyo. Ni tafsiri tamu, lakini utamu si ushahidi. Bahari ya ushairi ina nasaba inayojulikana: Kiarabu hutumia neno moja, bahr, kwa bahari ya maji na kwa mizani ya shairi. Kina si neno la Kiarabu, na kamusi zetu huvitenga kina cha maji na kina cha shairi kama maneno mawili. Mji huu wa Muyaka bin Haji haustahili kufundishwa ushairi kwa kubahatisha.

Mwisho, nina neno na wenzangu wa magazeti na redio. Siku hizi kila uchunguzi ni ‘wa kina’ na kila mjadala ni ‘wa kina’, hata ule wa dakika tano. Kisha wengine huongeza ‘kwa kina na mapana’, ilhali msemo wetu ni ‘kwa mapana na marefu’. Sikatai kina kutumika kwa fikra. Lugha hukua hivyo. Ninachokataa ni kuita kina maji ya magotini.

Mbona nalishikilia jambo hili? Kwa sababu Kilindini si gati tu. Kuna Wakilindini, ambao pamoja na Wachangamwe na Watangana ndio Thelatha Taifa, sehemu ya Taifa Kumi na Mbili za Mombasa. Jina la mahali ndilo jina la watu. Tukilifanya kuwa lindo la askari, twawanyang’anya wazee wao ule ujuzi wa bahari waliouhifadhi ndani ya neno moja. Kijana wa Ngomeni, ukisoma haya, wakija wanafunzi tena waeleze habari ya bildi. Wataipenda zaidi.